Wazee wetu, acheni kudai ng'ombe zirudishwe

Mheshimiwa mhariri,

Naomba nafasi kidogo nijibu hawa wasomaji wanaoandika kila mara kwamba maadili yameisha Uganda, ati wasichana wanavaa vibaya, ndoa hazidumu, wanawake wamejua haki mpaka wamesahau waume zao, na ati zamani kila kitu kilikuwa sawa. Mimi ni mama mtu mzima, nakaa huku Tororo, ni katibu wa akina mama kwenye kamati yetu ya LC1, yaani baraza la kijiji, na kesi za ndoa zinanifuata mpaka mlangoni, asubuhi kabla sijawasha moto. Kwa hiyo hili jambo nalijua, na kinachonisumbua zaidi ni huku kudai mahari irudishwe ndoa ikivunjika, nitafika hapo.

Nianze na hiyo zamani. Zamani ipi jamani? Kama ni ya wakoloni, basi tukumbuke Waingereza walileta ndoa ya kanisani na ya serikali ya mke mmoja mwanzoni mwa miaka ya 1900, na ile ya kwetu ya kimila wakaiona si kitu. Hapo jirani Kenya mwaka 1917, kwenye kesi ya Amkeyo, jaji mkuu Hamilton alisema wazi kwamba ndoa ya kimila ni kununua mke tu, haistahili kuitwa ndoa, kwa hiyo mke wa kimila akakosa hata ile kinga ya kutolazimishwa kutoa ushahidi juu ya mumewe. Ilikuwa dharau kubwa na bado inaniuma nikiifikiria, maana bibi zetu waliolewa kwa heshima zote, ukoo kwa ukoo.

Lakini hiyo ndoa yao ya kanisani nayo haikumwokoa mwanamke. Sheria ya talaka ya 1904 ilimruhusu mume aachane na mke kwa kuthibitisha uzinzi peke yake, lakini mke akitaka talaka uzinzi wa mume haukutosha, ilibidi aongeze na kitu kingine, labda ukatili, labda ametelekezwa. Sheria hiyo tulikaa nayo miaka 100 kamili, mpaka mawakili wanawake wakaenda Mahakama ya Katiba na kushinda mwaka 2004. Na kosa la jinai la uzinzi lilikuwa hivyohivyo, mke wa mtu akitoka nje ni kosa, mume akitembea na msichana ambaye hajaolewa sheria inamwangalia tu, hilo nalo likafutwa 2007. Sasa mtu anapoandika kwamba zamani uaminifu ulikuwepo kwenye ndoa, mimi namuuliza ni uaminifu wa nani, maana sheria yenyewe ilikuwa inamdai mmoja tu.

Nguo ndo usiseme. Amin alipiga marufuku sketi fupi mwaka 1972, wanawake wakawa wanapimwa magoti barabarani na askari, na miaka hiyohiyo watu walikuwa wanachukuliwa usiku hawarudi. Mzee William Kalema, yule aliyeongoza tume ya 1964 na 1965 ya kuchunguza ndoa, talaka na hali ya wanawake, aliuawa mwaka huohuo 1972. Serikali ikawa inalinda maadili kwa kupima sketi! Halafu 2014 ikaja ile sheria ya kupinga ponografia, watu wakaiita sheria ya mini, na kabla wino haujakauka vijana wakaanza kuwavua wanawake nguo mchana kweupe mjini wakisema wanatekeleza sheria. Mahakama ya Katiba ilikuja kufuta vipengele vyake 2021, lakini yule dada aliyevuliwa nguo stendi, aibu yake haikufutwa na mahakama yoyote.

Haya, nije kwa jambo lenyewe lililonifanya nichukue kalamu, nalo ni mahari.

Mimi sipingi mahari. Mimi mwenyewe nilitolewa na najivunia, baba alifurahi, shangazi zangu walicheza mpaka usiku. Ninachopinga ni kudai irudishwe ndoa ikivunjika. Wasiojua inavyokwenda niwaeleze. Mwanamke amepigwa, amekimbilia kwao na watoto, mwingine na jeraha bado lina uzi wa hospitali. Anakaa siku chache halafu wazee wa upande wa mume wanakuja na karatasi iliyochanwa kwenye daftari la shule, imeandikwa kila kitu kilichotolewa siku ile: ng'ombe, mbuzi, gomesi la mama, kanzu ya baba, blanketi la bibi, jerikeni ya mafuta ya taa, sabuni, sukari, mpaka nauli ya walioleta ng'ombe. Wanasoma mstari kwa mstari. Kuna ng'ombe alikufa na ugonjwa zamani lakini anahesabiwa, kuna mwingine alizaa na wanabishana kama ndama naye anarudi ama anabaki. Na mwanamke amekaa pale chini kwenye mkeka anasikiliza anavyohesabiwa, hakuna anayemuuliza alipigwa na nini wala kwa nini.

Shida ni kwamba hizo ng'ombe mara nyingi hazipo. Zilishatoka zamani, kaka yake alizitumia kuoa, ziko kwa wakwe zake yeye kaka. Akiambiwa azirudishe, ndoa yake naye inatikisika, kwa hiyo kaka anakuwa wa kwanza kumwambia dada yake rudi kwa mumeo, vumilia, kila ndoa ina mambo yake. Mama naye anaogopa, baba ananyamaza. Ndivyo mtoto wa watu anavyorudishwa kwenye nyumba anayojua kabisa siku moja atatolewa maiti. Sisemi hivyo kwa kutia chumvi, tumezika.

Na hili tayari lina majibu mahakamani, ndo maana nakasirika. Tarehe 6 Agosti 2015 Mahakama ya Juu ya Uganda, kwenye kesi iliyopelekwa na MIFUMI, shirika la kutetea haki za wanawake lililoanzia hukuhuku kwetu Tororo, ilisema mahari yenyewe haivunji katiba lakini kudai irudishwe ndoa ya kimila inapovunjika ni kinyume cha katiba, maana kifungu cha 31 kinasema mume na mke wana haki sawa wakati wa kuoana, wakiwa kwenye ndoa na wakati wa kuachana. Mahakama kubwa kuliko zote nchini. Na bado mwaka huu wazee wanakuja na karatasi zao, na wenyeviti wengine wa LC1 wanakaa kwenye meza kabisa wanasimamia hesabu na kugonga mhuri wa kijiji.

Ukiwaambia wanakujibu hii ni mila, mila haibadiliki. Siyo kweli. Miaka ya 1950 wilaya za huku mashariki, Bukedi ikiwemo, zilitunga sheria ndogo za kuweka kikomo cha mahari, maana yake hata wakati wa babu zetu watu walikaa chini wakaona imezidi na wakaigusa. Na kurithi mjane je? Nilipokuwa msichana, mwanaume akifa ndugu yake anapewa mke, hakuna mjadala. Ukaja ukimwi miaka ya 80, tukazika mpaka mbao za majeneza zikawa shida, mwanamuziki Philly Lutaaya akajitokeza mwaka 1989 akasema mimi ninao, redioni wakawa wanatuimbia kila siku mtu atulie na wake mmoja, na wazee walewale waliosema mila haibadiliki wakaanza kuacha kurithi wajane kimyakimya, hawakungoja bunge. Walipoona inaua waliiacha. Hii ya kudai ng'ombe nayo inaua, tofauti ni kwamba anayekufa ni mwanamke peke yake.

Kuna na hili la watoto wa shule, silipiti. Tangu 1990 sheria inasema msichana chini ya miaka 18 hawezi kuguswa, kabla ya hapo ilikuwa 14, na katiba ya 1995 ikasema ndoa ni kuanzia 18. Lakini shule zilipofungwa kwa korona karibu miaka miwili tuliona wasichana wadogo wenye mimba, na baba badala ya kwenda polisi anakwenda kwa kina mvulana kudai ng'ombe, kesi inaishia hapo, msichana anahamia huko na tumbo lake, vitabu anaviacha chini ya kitanda. Halafu huyohuyo baba Jumapili anasimama kanisani kulalamika kuhusu maadili ya vijana.

Waislamu wenzetu mahari ni mali ya bibi harusi mwenyewe, hata baba hana ruhusa ya kuitia mfukoni, na sijasikia mtu akisema wao hawana mila. Kwa hiyo inawezekana kabisa kutoa kwa heshima bila kumfanya mtoto wa kike kuwa deni linalotembea.

Ninachoomba ni vitu viwili. Wazee wa koo zetu, Wajopadhola, Wateso, Wasamia, wote, siku ya kupokea mahari mseme mbele ya watu kwamba imetolewa na haitadaiwa tena, na iandikwe kwenye hiyohiyo karatasi ya orodha, pande zote mbili ziweke sahihi. Na wewe mhariri, tafadhali chapisha hiyo hukumu ya 2015 kwa Kiswahili chepesi, hata nusu ukurasa, maana Kiingereza cha mahakama huku kijijini hakisomeki. Nitaikata niibandike kwenye ukuta wa ofisi ya LC yetu, pale pale wanapopenda kukaa wakisoma zile karatasi zao, na nakala zingine nitampa mama wa probesheni, yule afisa wa ustawi wa jamii, azipeleke parokia za jirani.

Wako,
Katibu wa akina mama, LC1
Tororo