Fidia ya njia za umeme isiishie siku ya tathmini

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nizungumzie jambo ambalo wengi tuliopisha ujenzi wa njia kubwa za umeme tunalijua vizuri, ila hufunikwa kila mara na swali moja tu, la kama fidia imelipwa au bado. Swali hilo ni la msingi, lakini halitoshi. Sehemu kubwa ya hasara ya mwenye ardhi hutokea baada ya mthamini kufunga daftari lake na kuondoka, na hasara hiyo haina fomu, haina tarehe, wala haina mtu anayekubali kuipokea.

Nianze kwa kusema kwamba sheria zetu si mbaya. Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila sheria inayoweka masharti ya kumlipa fidia inayostahili. Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999, zinataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Kanuni za mwaka 2001 zikafafanua kinachohesabiwa: thamani ya ardhi kwa bei ya soko, maendelezo yaliyofanywa juu yake, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, faida inayopotea, na posho ya malazi inayokokotolewa kwa kodi ya pango ya miezi 36. Hata mzigo wa anayehama umekadiriwa, tani 12 kwa umbali wa kilomita 20. Aliyekaa chini akafikiria mpaka tani za vyombo vya kaya hakuwa mzembe.

Tatizo ni kwamba karibu kila kitu katika orodha hiyo kinatazama siku moja, siku ya tathmini. Siku hiyo mthamini hupita na viongozi wa kijiji, miti inahesabiwa, nyumba inapimwa, mwenye mali anapigwa picha akiwa ameshika kibao chenye namba yake, na ukuta unaachwa na alama ya X. Kuanzia hapo anaambiwa asiendeleze chochote ndani ya mkuza, yaani ukanda wa ardhi uliotengwa kupitisha njia ya umeme. Zuio hilo lina sababu yake, maana wapo, tusijidanganye, ambao wangepanda miche ya miembe usiku ili ihesabiwe asubuhi. Lakini mwananchi haambiwi zuio litakwisha lini. Anaishi chini ya bati linalovuja asilibadilishe, anaahirisha kuongeza chumba cha wanawe, na wakati huohuo bei ya saruji na ya kiwanja cha kuhamia inapanda huku kiasi kilichoandikwa kwenye jedwali la fidia kikibaki palepale.

Sheria imeliona hata hilo. Fidia isipolipwa ndani ya miezi sita inapaswa kulipwa pamoja na riba, na chini ya Sheria ya Uthamini na Usajili wa Wathamini ya mwaka 2016 uthamini wa fidia una uhai wa miaka miwili, ukipita unarudiwa. Dawa ipo, ila haimfikii mgonjwa. Nimesoma karatasi ya malipo ya mzee mmoja wa hapa kwetu: ina jina, namba na jumla ya fedha, basi. Haina tarehe ya tathmini wala mstari wa riba. Mzee huyo atajuaje kwamba miezi sita imepita? Riba inayongoja kudaiwa hulipwa kwa anayejua kudai, na wanaojua ni wachache.

Liko pia suala la uharibifu wenyewe, ambalo kwa maoni yangu ndilo lililosahauliwa zaidi. Njia ya msongo wa kilovolti 400 haijengwi kwa toroli. Inahitaji magari ya zege, winchi na magurudumu makubwa ya nyaya, na mkuza unapokatwa na korongo au mbuga yenye tope, magari hayo huchepuka na kupita katika mashamba ambayo hayakuwahi kuthaminiwa kwa sababu yako nje ya mpaka. Jirani yangu alipoteza hivyo alizeti iliyokuwa imeanza kuinamisha vichwa, tayari kwa kuvunwa. Mbaya zaidi, mvua za msimu uliofuata zilifuata alama za matairi, zikachimba mfereji unaopita katikati ya shamba, na leo plau ya ng'ombe haiwezi kuvuka kutoka upande mmoja kwenda wa pili. Alipokwenda kwa mkandarasi alijibiwa kwamba fidia ya eneo hilo ilishalipwa. Alipokwenda kwa mwenye mradi akaambiwa kwamba uharibifu wa mkandarasi ni wa mkandarasi. Jibu la kwanza si sahihi hata kidogo: kilicholipwa ni ardhi iliyotwaliwa ndani ya mkuza, ilhali alizeti iliyolala chini ya matairi ilikuwa nje yake. Hali ni hiyohiyo pale wafyekaji wanapovuka mpaka, au waya unapokatika miaka kadhaa baadaye na kuchoma shamba.

Sipingi umeme. Njia ya Iringa hadi Shinyanga yenye urefu wa takriban kilomita 670, ya Singida hadi Namanga inayotuunganisha na Kenya, na ya kutoka Bwawa la Julius Nyerere lenye uwezo wa megawati 2,115 hadi Chalinze, zote ni mali yetu sote. Ndiyo sababu hasara yake haifai kubebwa na yule tu ambaye shamba lake liko njiani.

Napendekeza karatasi anayoachiwa mwananchi iwe na tarehe ya tathmini, tarehe ambayo riba itaanza na tarehe ambayo uthamini utakoma, na riba ikokotolewe na mlipaji bila kusubiri kuombwa. Kabla mkandarasi hajaingia kijijini, njia zote atakazopita nje ya mkuza zipigwe picha mbele ya mtendaji wa kijiji, na ofisini kwa mtendaji kuwe na daftari la uharibifu ambalo afisa kilimo atalipitia na kukadiria hasara mazao yangali shambani. Sehemu ya malipo ya mkandarasi inayozuiliwa hadi mwisho wa kazi isiachiliwe mpaka madai ya daftari hilo yamemalizwa. Kwa wanaohofu kwamba wanakijiji watateka mradi kwa madai ya uongo, uwekwe ukomo, tuseme siku 30 tangu uharibifu kutokea. Asiyeandikisha ndani ya muda huo asilaumu mtu.

Ningeshukuru kama Wizara ya Nishati na Mthamini Mkuu wa Serikali wangejibu kupitia ukurasa huu, angalau kuhusu hilo la tarehe, kwa kuwa halihitaji sheria mpya wala bajeti.

Wako,
Mkulima na msomaji wako,
Singida