Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Mwaka Wetu na Jenasi ya Usnea

Ndugu wanachama,

Mwaka huu tuliacha kuokota kila likeni tuliyokutana nayo, tukaishughulikia jenasi moja tu: Usnea, zile ndevu za kijani chenye umanjano zinazoning'inia mitini katika misitu ya Aberdare na Mlima Kenya. Sijutii uamuzi huo hata kidogo, kwa kuwa ndio uliotuonyesha jinsi lebo zetu nyingi zilivyoandikwa kwa haraka.

Kwa faida ya wanachama wapya, likeni si mmea, bali ni kuvu inayoishi pamoja na mwani, na jina la kisayansi tunaloandika ni la ile kuvu. Usnea imo katika faila ya Ascomycota, oda ya Lecanorales, familia ya Parmeliaceae, na mwani wake ni Trebouxia. Umanjano wake hutokana na asidi ya usniki iliyo katika ganda la nje.

Alama kuu ni uzi. Ukilishika tawi la likeni lililolowa na kulivuta taratibu huku na huku, ganda hukatika vipande vipande, ilhali uzi mweupe wa katikati hurefuka kama mpira. Ramalina, jenasi nyingine ya likeni ambayo mara nyingi huota kwenye mti uleule, haina uzi huo, na matawi yake kwa kawaida ni bapa. Sampuli kadhaa za sanduku letu la kwanza zilikuwa Ramalina, na tayari zimeandikiwa lebo mpya.

Ugumu hasa huanza ndani ya jenasi yenyewe, yenye spishi zaidi ya 300, maana spishi moja hubadilika umbo kufuatana na mwanga na unyevu. Mwaka 2004 mtafiti wa likeni Kristina Articus, akitumia ushahidi wa DNA, alipendekeza igawanywe kuwa jenasi nne, yaani Usnea, Neuropogon, Dolichousnea na Eumitria, ambayo uzi wake una uwazi ndani kama mrija. Si wataalamu wote waliokubali mgawanyo huo. Kamati imeamua kubaki na jina la Usnea kwa sampuli zote, ila hali ya uzi iandikwe kwenye lebo, ili atakayekuja baadaye aweze kuamua mwenyewe.

Aidha, hatutaandika jina la spishi kabla ya kulikata tawi kwa wembe na kudondoshea sehemu yake ya ndani myeyusho wa potasi, ambao huigeuza kuwa ya manjano kisha nyekundu palipo na asidi ya salazini au ya norstikti, kemikali za likeni zinazosaidia kutofautisha spishi. Kazi ya Hildur Krog na Dougal Swinscow kuhusu likeni za Afrika Mashariki, waliyoichapisha 1988, imetuongoza sana katika hatua hii.

Likeni hizi hukua polepole mno. Kwa hiyo naomba mwaka ujao tuchukue zilizo kwenye matawi yaliyoanguka pekee, tuzitie katika bahasha za karatasi, kwani ndani ya plastiki huota ukungu, na tuandike papo hapo aina ya mti na mwinuko wa mahali.