Shamba la babu yako bado liko kwa jina lake

Mwanangu mpendwa,

Ukiulizwa uhuru wa Kenya wa 1963 uliiachia familia yetu nini, jibu liko katika ofisi ya ardhi, kwenye sajili yenye jina la babu yako. Kuanzia 1962, chini ya mpango wa Ekari Milioni Moja, mashamba ya walowezi yalinunuliwa kwa fedha za mkopo, nyingi zikitoka Uingereza, kisha familia zipatazo 35,000 zikagawiwa kwa deni. Wazee wetu walilipia ardhi ambayo serikali ya kikoloni ilikuwa imeitwaa kwa sheria zake yenyewe. Hilo linaniuma mpaka leo, na ndiyo sababu sitaki tupoteze shamba hili kwa uzembe wa karatasi.

Anza na upekuzi rasmi wa sajili hiyo. Soma sehemu C ya sajili, panapoandikwa madeni. Ukikuta Wadhamini wa Hazina ya Makazi, chombo cha serikali kilichotoa mikopo hiyo, rehani ya zamani haijafutwa hata kama mkopo ulilipwa. Tafuta risiti, tuombe iondolewe kwanza.

Kisha tafuta cheti cha kifo na barua ya chifu yenye majina ya warithi wote. Hapa ndipo familia nyingi huharibu mambo, kwa kuwaacha nje mabinti walioolewa. Babu alifariki baada ya 1 Julai 1981, Sheria ya Urithi ilipoanza kutumika, nayo huwagawia watoto sawa, wa kike na wa kiume. Shangazi aliyerukwa anaweza kuomba hati ya usimamizi wa mirathi ibatilishwe hata baada ya miaka mingi, na kazi yote ikaanza upya. Mbali na hofu hiyo, ni haki yao: nao walililima.

Mahakamani tutapeleka ombi la kusimamia mirathi, yaani fomu P&A 80 na kiapo P&A 5, mimi na shangazi yako mkubwa tukiwa wasimamizi. Tangazo hutoka katika Gazeti Rasmi, pingamizi husubiriwa siku 30. Hati ya usimamizi ikitolewa, kwa kawaida hupita miezi 6 kabla ya kuthibitishwa pamoja na mgao. Kabla ya hapo asiuze mtu hata kipande. Kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi kinafanya hilo kuwa kosa la jinai, na mnunuzi hatapata hatimiliki. Bodi ya Kudhibiti Ardhi, inayotoa kibali cha kugawa shamba, na mpimaji huja baadaye, wakati wa kulikata vipande.

Majina ya shangazi zako nimeyaandika nyuma ya karatasi hii kama yalivyo kwenye vitambulisho. Mpe chifu hivyo hivyo. Herufi moja ikipishana, utarudishwa.

Baba yako