Beki naye aandikwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nijaze pengo nililoliona katika makala ya michezo iliyotoka majuma mawili yaliyopita, iliyohusu wanawake waliovuma katika mpira wa magongo wa barafuni. Mwandishi wako anastahili pongezi kwa kuueleza mchezo ambao wasomaji wengi wa gazeti hili hawajapata kuushuhudia, na maelezo yake kuhusu kisahani kigumu kinachopigwa badala ya mpira yalikuwa sahihi. Tatizo langu ni ile orodha ya wachezaji kumi. Aliipanga kwa idadi ya magoli, na kwa sababu hiyo hakuna hata beki mmoja aliyeingia. Mtaani kwetu Dar es Salaam mfanyakazi wa ndani huitwa beki tatu, na ingawa jina hilo sipendi linavyotamkwa kwa dharau, nadhani aliyelibuni alijua vizuri beki ni nani: ni yule ambaye kazi yake haitajwi mpaka siku atakayokosea.

Ninaandika kama mtu mwenye upande. Nilipokuwa sekondari nilicheza mpira wa magongo wa kawaida, kwenye uwanja wa vumbi, na baadhi ya magongo yetu yalichongwa kwa mti wa mpera kwa sababu ya dukani hayakutosha. Nilikuwa beki kwa miaka minne na sikufunga goli hata moja. Sasa naishi Massachusetts, na binti yangu anacheza mchezo huohuo juu ya barafu. Kocha alipomweka nyuma kwa mara ya kwanza alilia ndani ya gari njia nzima, akiamini kwamba ameondolewa mbele kwa kuwa hajui kufunga. Hapo ndipo nilipoanza kumtafutia habari za beki wa kumwonyesha, na nikakutana na maisha ya mchezo ya Angela Ruggiero, beki wa timu ya taifa ya Marekani, ambaye kutokuwamo kwake katika orodha yenu ndiko kulikonifanya nishike kalamu.

Kabla ya kumfikia, niruhusu nieleze kidogo kazi yenyewe, maana bila hivyo takwimu zake hazitasema kitu. Barafuni kila timu ina kipa na wachezaji wengine watano, nao kwa kawaida ni washambuliaji watatu na mabeki wawili. Mshambuliaji wa upande wa pili anapokuja na kisahani, beki hamkimbilii uso kwa uso, bali huteleza kinyumenyume kwa kasi ileile anayojiwa nayo, akiacha nafasi ya urefu wa gongo moja hivi kati yao, na kumsukuma polepole kuelekea ukutani ambako pembe ya kupiga golini ni finyu. Nafasi hiyo ikizidi, mshambuliaji anapata upenyo wa kupiga, ikipungua, beki anapitwa. Yote hayo humalizika ndani ya sekunde tatu au nne, na beki akifanikiwa, mtazamaji haoni chochote zaidi ya kisahani kilichoishia pembeni.

Jumamosi moja saa kumi na mbili alfajiri, nikiwa nimekaa benchini na chupa yangu ya chai, nilimwona kocha akiwaambia mabeki wageuze magongo yao, washike upande ule mpana na kuacha ncha ya mpini ndiyo iguse barafu. Wasichana walicheka. Kisha washambuliaji wakaanza kuwajia mmoja mmoja, na kwa kuwa mabeki hawakuwa tena na cha kunyang'anyia, walilazimika kutumia miguu, kiwiliwili na macho peke yake. Kila aliyekodolea kisahani alipitwa. Aliyetazama kifua cha mwenzake alisimama naye hadi mwisho, kwa sababu kisahani kinaweza kudanganya kwenda kushoto na kulia lakini kifua hakiendi pasipo mwenyewe. Nilikumbuka mwalimu wetu wa michezo akitupigia kelele jambo lilelile kwenye vumbi, na nusura nijibu, "Ndiyo, mwalimu."

Ruggiero alizaliwa California mwaka 1980, mahali ambapo mtoto hakutani na barafu nje ya glasi ya maji, na alianza kucheza akiwa na umri wa miaka saba pamoja na ndugu zake. Mwaka 1998, mpira wa magongo wa wanawake ulipoingizwa kwa mara ya kwanza katika Olimpiki ya Majira ya Baridi kule Nagano, Japani, alikuwa na miaka 18, bado mwanafunzi wa sekondari, na ndiye aliyekuwa mdogo kuliko wote katika kikosi cha Marekani. Waliifunga Kanada 3-1 katika fainali na kutwaa dhahabu.

Mtu angetazamia kwamba baada ya hapo dhahabu zingefuatana. Haikuwa hivyo. Alirudi Olimpiki mara tatu zaidi na hakupata tena dhahabu. Kwangu miaka hiyo ndiyo yenye uzito zaidi katika habari zake, na nasikitika kwamba makala za michezo, si yenu peke yake, huipita kwa sentensi moja.

Tazama fainali ya 2002 huko Salt Lake City, nyumbani kwao. Katika miezi ya maandalizi Wamarekani walikuwa wameishinda Kanada mara nane mfululizo. Katika fainali yenyewe, Kanada ilipewa adhabu nane mfululizo, na kila adhabu ya namna hiyo hupunguza mchezaji mmoja kwa muda wa dakika mbili au mpaka goli liingie. Kwa dakika nyingi, basi, Kanada ilikuwa ikijilinda kwa watu wachache dhidi ya wengi, na bado ikashinda 3-2. Goli lao la tatu alilifunga Jayna Hefford ikiwa imebaki sekunde moja tu kipindi cha pili kumalizika. Aliyetazama mechi hiyo kwa kuhesabu magoli atakuambia kwamba Hefford aliimaliza. Mimi nitakuambia kwamba iliamuliwa katika zile dakika ambazo Wakanada walizuia wakiwa pungufu, wakijitupa mbele ya kisahani, na kwamba siku hiyo mabeki wa upande mmoja waliwapa mabeki wa upande wa pili somo chungu. Ruggiero alitoka na medali ya fedha na tuzo ya beki bora wa mashindano. Nimejaribu mara kadhaa kuwaza mtu anaipokeaje tuzo ya namna hiyo dakika chache baada ya kupoteza fainali nyumbani.

Miaka minne baadaye kule Turin mambo yalikuwa mabaya zaidi. Marekani iliongoza 2-0 dhidi ya Uswidi katika nusu fainali, Maria Rooth akasawazisha yote mawili, na katika upigaji wa mmoja mmoja dhidi ya kipa Waswidi wakapita. Kwa mara ya kwanza fainali ya Olimpiki ya wanawake haikuwa ya Marekani na Kanada. Siku tatu baadaye walilazimika kurudi barafuni kugombea shaba, wakaifunga Finland 4-0, na Ruggiero akatajwa tena beki bora. Mwaka 2010 huko Vancouver walifungwa na Kanada 2-0 katika fainali. Dhahabu moja, fedha mbili na shaba moja: hayo ndiyo mavuno yake ya Olimpiki nne. Katika mashindano ya dunia alipata ubingwa mara nne, na ule wa kwanza, wa 2005 nchini Uswidi, uliamuliwa kwa upigaji wa mmoja mmoja baada ya mechi kumalizika bila goli, naye akiwa miongoni mwa waliofunga. Mechi ya bila goli dhidi ya Kanada, Ndugu Mhariri! Nani mwingine wa kuulizwa habari zake kama si kipa na mabeki?

Sasa nirudi kwenye kipimo cha mwandishi wako. Ruggiero aliifungia timu ya taifa magoli 67, na kwa kipimo hicho ni kweli hafiki kumi bora. Lakini alikuwa na alama 208, na kwa kuwa katika mchezo huu goli ni alama moja na pasi iliyozaa goli ni alama moja pia, utaona kwamba alama 141 kati ya hizo ni pasi: kisahani kilichoanzia nyuma, kwake, kikamfikia mwenzake. Nazo zilitokana na mechi 256. Alipostaafu Desemba 2011, hakuna Mmarekani mwingine katika mchezo huu, mwanamume wala mwanamke, aliyekuwa amevaa jezi ya taifa mara nyingi kiasi hicho. Ingekuwa orodha yenu imepangwa kwa mechi, jina lake lingekuwa miongoni mwa ya juu, na msomaji angejiuliza swali lililo bora zaidi: kwa nini makocha waliobadilika mmoja baada ya mwingine walimrudisha mtu huyuhuyu nyuma kwa zaidi ya miaka kumi na mitano?

Kuna jioni moja nyingine ambayo sielewi imesahaulika vipi. Tarehe 28 Januari 2005, Ruggiero aliichezea Tulsa Oilers, timu ya wanaume ya kulipwa katika jimbo la Oklahoma, katika mechi rasmi ya ligi. Wanawake waliomtangulia kucheza na wanaume wa kulipwa Amerika Kaskazini walikuwa makipa. Yeye alikuwa wa kwanza kucheza nafasi nyingine isiyo ya kipa, na kipa aliyekuwa nyuma yake jioni hiyo alikuwa ndugu yake wa kiume, Bill. Walishinda 7-2 na yeye akatoa pasi ya goli moja. Watu wengine huiita ile mechi kiini macho cha kuuza tiketi, na inawezekana mwenye timu hakuichukia pesa ya mlangoni. Lakini pasi ya goli haiuzwi mlangoni.

Kuhusu malipo nitasema kwa kifupi, kwa kuwa ni habari inayohitaji barua yake yenyewe. Miaka yote ya Ruggiero haikuwa na ligi ya wanawake ya kumwezesha mchezaji kuishi kwa mshahara wake. Mwaka 2017, akiwa ameshastaafu, wachezaji wa timu ya taifa ya Marekani walitishia kuyasusia mashindano ya dunia yaliyofanyika nchini mwao, wakilalamika pamoja na mengine kwamba walilipwa dola 1,000 kwa mwezi, tena kwa miezi sita tu ya kuelekea Olimpiki. Makubaliano yalifikiwa siku chache kabla ya mechi ya kwanza, na wakatwaa ubingwa. Ligi ya kulipwa yenye timu sita ilianza Januari 2024. Binti yangu anaiona kama jambo lililokuwapo tangu zamani, na sijui kama nimwache aendelee kudhani hivyo.

Ruggiero mwenyewe alihamia vikaoni. Mwaka 2010, wakati wa michezo ya Vancouver, wanamichezo wenzake walimpigia kura kuwawakilisha katika Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, akakaa huko miaka minane, na kuanzia 2016 akawa mwenyekiti wa kamisheni ya wanamichezo. Mwaka 2015 aliingizwa katika Jumba la Heshima la mchezo huo lililoko Toronto, akiwa mwanamke wa nne. Kati ya wanne hao wawili ni mabeki, yeye na Geraldine Heaney wa Kanada aliyemtangulia miaka miwili. Waliokuwa wakichagua watu wa kuingia humo walijua kutazama nyuma ya washambuliaji.

Wapo watakaosema kwamba mambo haya ya barafu hayatuhusu watu wa joto. Nawakumbusha kwamba Nairobi imekuwa na kiwanja cha barafu ndani ya hoteli moja kwenye Barabara ya Mombasa tangu 2005, kwamba kutokana na kiwanja hicho kidogo ilizaliwa timu ya Ice Lions, na kwamba mwaka 2024 Kenya ilipokewa na shirikisho la kimataifa la mchezo huu kama mwanachama mshiriki. Wapo wasichana wanaojifunza kuteleza pale, na baadhi yao watapangwa nyuma. Wakifungua gazeti la Kiswahili wakakuta kwamba wachezaji wote wa maana ni wafungaji, watalia ndani ya matatu kama wangu alivyolia ndani ya gari.

Ombi langu, basi, ni kwamba mtakapoichapisha sehemu ya pili ya makala hayo kama mlivyoahidi, beki awekwe kwa idadi ya mechi zake na kwa kazi aliyoizuia isitokee, hata kama hiyo ya pili haina safu yake katika jedwali. Na nikiwa bado na nafasi, picha iliyotumika ina maelezo yanayosema ni ya beki. Mchezaji yule ana pedi za miguuni pana kama milango, barakoa kamili na glavu ya kudakia, ni kipa. Nilimwonyesha binti yangu ukurasa ule kwenye simu na kumtafsiria maelezo ya picha, akataka kujua kama katika Kiswahili kipa na beki ni neno moja.

Wako mtiifu,
Mzazi wa beki,
Worcester, Massachusetts