Mdogo wangu, nesi naye ni mhusika

Mdogo wangu,

Simu zangu hupokei, basi acha na wengine wasome.

Maneno uliyotoa siku ya arobaini ya Baba ningeyameza, maana msiba una hasira zake. Lakini kuchukua skripti ya watu ukaitia kwenye mafiga, pilau bado liko motoni, mashangazi wote wanatazama, eti umechoka kuigiza unesi, na kwamba tungekuwa tunakupenda tungeuza kiwanja utoe filamu yako, uwe steringi! Hilo halijanitoka.

Madge Sinclair unamjua kwa sura, hata kama jina limekupita. Ndiye yule malkia wa filamu ya Coming to America ya 1988, anayemnyamazisha mfalme kwa sentensi moja fupi. Alikuwa mwalimu kwao Jamaika. Mwaka 1968, ana miaka 30, ndipo akahamia New York kutafuta uigizaji, akaanzia jukwaani. Katika filamu ya Conrack ya 1974 akapewa nafasi ya mwalimu mkuu. Mwaka 1977, kwenye tamthilia ya Roots, akawa Bell, mke wa mtumwa Kunta Kinte, akateuliwa kuwania Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani.

Halafu akawa nesi. Kuanzia 1980 hadi 1986, ndani ya Trapper John, M.D., tamthilia iliyobeba jina la daktari, si lake. Kwa unesi huohuo akateuliwa tena Emmy, na zaidi ya mara moja. Mwaka 1991 akaichukua, kama mwigizaji msaidizi, kwa tamthilia ya Gabriel's Fire. Na miaka mingi ya kazi hiyo alikuwa na saratani ya damu, ndiyo iliyomuua Desemba 1995, akiwa na miaka 57. Wewe unachoma skripti kwa sababu mhusika wako anashika trei!

Hiyo trei ndiyo kazi yenyewe. Sini moja hupigwa mara kadhaa: kwanza kwa upana, kisha kamera inaelekezwa kwa daktari, kisha kwako. Ukiiweka mezani daktari anapotamka "homa", iweke palepale kila mara, kwa mkono uleule. Ukibadili, mhariri hawezi kuunganisha vipande, na atakayekatwa ni wewe. Kamera ikiwa kwa mwenzako, mpe macho yaleyale uliyompa mwanzo. Usidakie sentensi yake kabla haijaisha. Sauti zikishapandana ni shida kuzitenganisha. Ulilalamika wanakupunguzia maneno. Nimezitazama zile sehemu tena na tena: unadakia.

Kiwanja nilikataa, na leo bado nakataa. Kukodi kamera na taa, mafuta ya jenereta, chakula cha watu wote, uhariri, vyote hivyo vinalipwa kabla hujajua nani atainunua filamu. Ikikwama, Mama aende wapi? Anayelala naye nyumba moja ni mimi, kwa hiyo usiwaambie watu nakuonea wivu. Nani alikuwa anakusikiliza ukikariri usiku kucha?

Na unaweza, mdogo wangu. Ile sini uliyomfunika mgonjwa shuka, ukailainisha pembeni polepole kama vile bado anahisi baridi, nilijua amefariki kabla daktari hajafungua mdomo. Hukuwa na neno hata moja pale.

Prodyuza ana nakala nyingine ya skripti. Mpigie mwenyewe, umwombe radhi, mimi sitakuombea.

Dada yako