Mwanangu, karatasi ya wimbo iko wapi?

Mwanangu mpendwa,

Hatujambo hapa Temeke. Baba yako ameitazama tena ile filamu yako ya pantoni la Kigamboni, na bado anauliza hadithi iko wapi. Mwache. Mimi nilipoona miguu tu, kandambili kando ya viatu vya ofisini, geti linafunguliwa, watu wanakimbilia chomboni na kamera haiinuki hata kidogo, nikajua mpigaji anajua anachokitaka.

Kwa hiyo sikuandikii urudi kwenye uhasibu. Kazi hiyo shangazi zako wanaiweza. Nakuandikia juu ya ile taarabu uliyoiweka mwishoni. Nani kakuruhusu, na karatasi yake iko wapi?

Utasema mama na masjala yake. Sawa. Lakini mwangalie Charles Burnett wa Marekani. Alipokuwa mwanafunzi wa chuo kikuu cha UCLA alipiga filamu yake, Killer of Sheep, mitaa ya Watts, Los Angeles, wikiendi kwa wikiendi, kwa fedha isiyofika dola 10,000. Akaikamilisha 1977. Mwaka 1990 Maktaba ya Bunge la Marekani ikaiingiza kwenye orodha ya filamu za kuhifadhiwa kama urithi wa taifa. Heshima yote hiyo, lakini kwenye majumba ya sinema haikuingia rasmi mpaka 2007, maana nyimbo alizotia hakuwa na haki nazo. Kuzilipia kulifika kama dola 150,000. Hebu piga hesabu, wewe si uliisomea?

Hapa kwetu enzi za DVD, waandaaji wengi waliuza masta, yaani nakala mama ya filamu, Kariakoo kwa mkupuo, haki zote ndani. Filamu za namna ile zilikuwa na wateja wa papo hapo, angalau. Yako haina. Yako italipa kidogo kidogo, leo tamasha, mwakani chuo fulani, baada ya miaka mtu wa makumbusho anaitafuta. Ukishaitoa mikononi, atakayelipwa ni mwingine.

Maya Deren, mtengenezaji filamu wa Marekani (huyu mama nampenda bure), hakungoja kuitwa. Mwaka 1946 alikodi ukumbi wa Provincetown Playhouse, New York, akaonyesha filamu zake mwenyewe. Aliweza kwa sababu zilikuwa zake. Nawe ukitaka kutandika shuka ukutani Mikocheni ualike watu, ni juu yako, ila kibali cha Bodi ya Filamu kiwe mkononi, na kazi uwe umeisajili COSOTA, kwa watu wa hakimiliki.

Nimeulizia. Mzee aliyetunga ule wimbo yu hai, anakaa Ilala, na mwanawe wa kike namfahamu. Nenda Jumamosi baada ya alasiri. Kamera iache nyumbani. Mwonyeshe filamu yote, sio kile kipande cha wimbo tu, kisha ndipo utoe mkataba. Nimeshauandika, umo ndani ya bahasha hii. Usome kabla hujaondoka, hasa pale pa malipo.

Mama yako