Flashi zetu hazijafa, vijana wa gemu Mwanjelwa

Mhariri habari za kazi, naomba kanafasi niongee na hawa vijana wanaotuwekea magemu kwenye kompyuta hapa Mbeya maana sasa imezidi.

Iko hivi, sie wenye laptopu za kizamani bado tuko na gemu la mpira la PES 2017. Konami wenyewe wanaolitengeneza walishahamia gemu lao jipya la eFootball tangu 2021, kwa hiyo usajili mpya na jezi mpya za PES wanatengeneza mashabiki tu, na mafaili yake mazito, ukisema udanlodi kwa bando lako hapo umekula hela ya mboga. Ndo maana watu wanabeba flashi wanaenda Mwanjelwa. Unafika, dogo anachomeka flashi yako ya GB 32, anakopi, kompyuta inagoma inasema faili kubwa mno, anachomoa anakwambia broo hii imekufa, chukua mpya hapa. Imekufa wapi wakati asubuhi imetoka kupiga miziki kwenye bajaji!

Flashi nyingi za GB 32 kushuka chini zinatoka kiwandani na fomati (mpangilio wa kuhifadhi mafaili) ya FAT32, na FAT32 haipokei faili moja linalofika GB 4 hata flashi iwe tupu kabisa. Hamisha vitu vya mteja pembeni, ifomati flashi kwa exFAT, fomati inayopokea mafaili makubwa, kopi, kwisha. Mkitaka chajini buku ya kufomati, nani atakataa? (Ila redio nyingi za bajaji exFAT hazisomi, hapo mtajuana na dereva.) Na asiyetaka kufomati mkatieni faili vipande vipande kwa programu ya 7-Zip akaunganishe nyumbani, mbona inawezekana.

Halafu mnaokuja kuinstoo majumbani, kabla hamjabandika mafaili mapya juu ya ya zamani kopini kwanza folda ya save, ile inayotunza mechi na ligi za mteja, iko kwenye Documents ndani ya KONAMI. Kuna mpwa wangu, fundi aliyekuja kumwekea alibonyeza ndiyo ndiyo bila kuuliza, ligi yote mtoto aliyokuwa anaisukuma tangu likizo ikapotea, mtoto alilia kama kafiwa.

Kinachoniudhi zaidi ni kuzima antivairasi halafu unaondoka umeiacha vile vile, kompyuta hiyo hiyo dada anaandikia mahesabu ya kikoba. Kama inalikataa faili moja liskani kwanza, likiwa safi liruhusu hilo hilo peke yake, antivairasi iache iwake.

Msomaji wenu,
Uyole, Mbeya